Beseni Jeupe la Mkonze

Mjukuu aliyepewa kazi ya kusoma wasifu wa marehemu alipofika kwenye aya ya magonjwa alishusha sauti, akasoma kwamba Bibi Ndahani, miaka ya nyuma, "alisumbuliwa na tumbo kwa muda, akapona kwa neema ya Mungu." Nikaguna. Nilikuwa nimekaa mkekani na wanawake wenzangu upande wa jikoni, pale nyumbani kwake Mkonze, na nadhani niliguna kwa nguvu kuliko inavyofaa msibani, maana mama aliyekuwa jirani yangu alinigeukia akanipa kitambaa, akidhani ni kilio. Nikakipokea, nikafutia jasho. Mimi sibishani na neema. Ni mtu wa swala tano, najua nafasi yangu. Lakini ndani ya neema ile kulikuwa na beseni moja jeupe la plastiki, waya mwembamba wenye kitanzi, na uongo wangu mmoja uliokaribia kumpeleka Bibi mahali alipokuwa anapaogopa kuliko kifo. Hayo hayakusomwa, na yasingeweza kusomwa mbele ya mchungaji. Basi nayaandika hapa.

Mwaka ule sikuwa nimetimiza thelathini. Nilikuwa muuguzi mgeni katika chumba cha kamera, pale matumbo yanapopimwa, cha hospitali moja mjini Dodoma, na nilipanga chumba cha uani kwa Bibi Ndahani: mlango wa bati, kitanda cha futi nne, ndoo mbili za maji, na dirisha moja lililotazama mizabibu yake. Ukutani kulikuwa na kalenda ya kanisa aliyoitundika yeye kabla sijahamia, na sikuthubutu kuiondoa mwaka mzima. Yeye Mgogo, Mkristo, mama wa kwaya. Mimi Mrangi wa Kondoa, Mwislamu. Siku ya kwanza aliniuliza kama ninakula kuku wa nyumbani kwake. Nikababaika, nikasema sina njaa. Akacheka mpaka akashika kiuno, halafu akamwita Mzee Salumu, jirani wa upande wa pili wa uzio. "Toka leo wewe ndiye mchinjaji wa nyumba hii," akamwambia. "Sitaki kuambiwa nimemlisha haramu mtoto wa watu." Na ikawa hivyo. Hata kuku wa Krismasi alichinjwa na Mzee Salumu, na wanakwaya wakamla wakajilamba vidole.

Jioni tulikula barazani, ugali wa uwele na mlenda. Wenyeji hawahitaji kuelezwa, ila kwa msomaji wa mbali: mlenda ni mboga ya majani yanayoteleza, na huku kwetu katikati ya nchi majani hayo huanikwa, yakatwangwa, yakahifadhiwa kwa ajili ya kiangazi. Bibi alikuwa na debe zima la unga huo wa kijani uvunguni mwa kitanda chake. Akiupika na karanga, nilikuwa namaliza sahani kabla hajaketi. "Nesi, polepole, mlenda hauna miguu," alikuwa akinitania. Nesi ndilo lilikuwa jina langu pale. Mara chache sana aliniita Hadija. Alikuwa pia na imani kwamba mlenda ni dawa ya karibu kila kitu, kwa sababu unateleza, na kinachoteleza hakikwami, wala hakiachi kingine kikwame. Imani hiyo nilikuwa naisikia kila jioni, na sikuipa uzito wowote. Laiti ningeisikiliza.

Msimu wa kupogoa mizabibu ulipofika nilimkuta siku moja ameketi chini kati ya mistari, mkasi mkononi, amefumba macho. Akasema ni jua. Nikamtazama viganja: vimepauka kama unga wa mtama. Kumbe alikuwa akiona damu chooni tangu mavuno yaliyopita, na hakumwambia mtu. Nilimpeleka hospitali kwa kumdanganya kwamba tunakwenda kupima presha. Kipimo cha kamera, ule mpira mrefu unaoingizwa kwa njia ya haja kubwa, kilionyesha tatizo upande wa kulia wa utumbo mpana: kinyama. Vinyama vingi ninavyovijua vina kikonyo, vinaning'inia kama uyoga; unavizungushia kitanzi cha waya, unabana, umeme unapita, kwisha. Kile cha Bibi hakikuwa na kikonyo. Kilikuwa bapa, kimetandaa ukutani, kipana kuliko sarafu kubwa unayoijua, na pembeni kinatoa damu kidogokidogo.

Daktari wetu akampa njia ya kawaida: upasuaji, tumbo lifunguliwe, kipande cha utumbo kiondolewe. Bibi akashukuru kwa adabu, akatoka, akafika nyumbani akasema haendi. Sababu sikuambiwa mimi. Niliisikia kupitia ukuta, siku mdogo wake, Mama Stela, alipokuja kutoka Kongwa. Walikuwa barazani wanachambua karanga, mimi nimejilaza chumbani. "Baba Elia aliingia hivyohivyo," Bibi akasema. Baba Elia alikuwa mumewe. "Aliingia anatembea. Akaniachia saa yake nimshikie. Walimtoa amefunikwa." Karanga zikawa zinaanguka kwenye ungo. "Mimi nitabaki na tumbo langu, Mama Stela. Likiniua, liniue nikiwa na nguo zangu." Nililia siku ile, na mtu asiniulize kwa nini, maana alikuwa mwenye nyumba wangu tu.

Ilibaki njia moja. Mara mbili kwa mwaka alikuwa akija bingwa kutoka Dar es Salaam, anakaa siku tano, na masanduku yake ya nyaya na sindano. Jina lake naliacha. Sisi tulimwita Dokta Taratibu, kwa kuwa ndilo neno alilosema kuliko maneno yote. Yeye alikuwa akiviondoa hata vinyama bapa kwa kamera, bila kupasua mtu. Nilimweleza Bibi jinsi inavyofanyika, tukiwa tunaosha vyombo. "Bibi, unaona ukoko huu ulioshika sufuria? Ukiukwangua kwa kisu hivihivi, utatoboa sufuria, maana utumbo ni mwembamba, si chuma. Sasa yeye anapenyeza maji chini ya ukoko kwa sindano. Ukoko unanyanyuka. Ukishanyanyuka ndipo anaubana na kuukata."

Bibi akaitazama sufuria. "Na usiponyanyuka?"

"Usiponyanyuka," nikasema, na hapa nilitaka sana kusema uongo lakini sikuweza, "ina maana umeota mizizi. Hapo kamera haiwezi. Ni upasuaji tu."

"Basi mwambie aje na maji mengi," akasema, akaendelea kusugua. Nikampa nafasi siku ya Alhamisi. Ijumaa bingwa alikuwa anamaliza kazi na kurudi kwake.

Sasa nifike kwenye aibu yangu. Ili kamera ione, utumbo lazima uwe mtupu na msafi kabisa. Siku nzima kabla, mgonjwa hunywa maji na chai ya rangi tu, halafu anakunywa lita kadhaa za dawa yenye chumvi ya kuharisha mpaka kinachotoka kiwe maji matupu. Na muuguzi ana kazi moja isiyo na mbadala: kumuuliza mgonjwa kinachotoka kina rangi gani, kisha kuandika kwenye fomu. Wagonjwa wengine niliwauliza bila kupepesa macho, waheshimiwa kwa wafugaji. Lakini Bibi Ndahani? Mwanamke niliyempa shikamoo kila asubuhi, aliyenipakulia ugali kabla hajajipakulia? Nimuulize kinyesi chake kikoje? Nimelelewa kwamba mkubwa hata akielekea chooni unatazama pembeni, na akirudi humsalimii mara ya pili. Kwa hiyo nikafanya ujanja wa watu wenye adabu. Maelekezo nikampa Mama Stela amfikishie dada yake, kwa Kigogo chao, mimi nisiwepo. Na asubuhi ya Alhamisi, tukisubiri bodaboda, nikauliza, huku nikitazama mizabibu, "Bibi, tumbo limekaaje?"

"Limetulia," akasema, naye akitazama mizabibu.

Nikafika kazini nikaandika kwenye fomu: Safi. Rangi ya maji.

Bibi alilazwa ubavu wa kushoto, akachomwa dawa ya kusinzia. Dokta Taratibu akaingiza kamera, sote tukatazama skrini. Mwanzoni kulikuwa na maji ya njano, si mabaya. Alipozidi kuingia, ukuta ukaanza kuwa wa kijani. Alipofika kulia, kwenye kinyama chenyewe, hapakuonekana kitu. Kila mahali pamepakwa utando wa kijani, mzito, unang'aa, umeshika kama gundi. Akamwaga maji, ukateleza ukarudi. Akavuta, bomba la kunyonyea likaziba. Niliutambua kabla hajauliza. Nimeula mlenda ule miezi minane mfululizo. Hata vipande vya karanga nilivitambua.

"Nani alimuuliza huyu mama?" Hakupandisha sauti. Hakuwahi kupandisha sauti.

Fomu ilikuwa na mwandiko wangu. Nikasema, na maneno yalitoka haraka kuliko nilivyoyafikiria, "Mgonjwa mwenyewe alisema ni safi, Dokta."

"Sawa." Akaanza kutoa kamera. "Mimi sikati nisichokiona. Na mgonjwa anayetudanganya simwekei nafasi nyingine wakati kuna watu kumi wanasubiri. Mwandikie barua kwa wapasuaji." Barua nikaiandika kwa mkono wangu, akaweka sahihi, nikaiweka mfukoni mwa koti. Ilikuwa karatasi moja tu, lakini nilitembea nayo nimelalia upande mmoja kama nimebeba ndoo.

Saa saba nikamkuta kantini, peke yake, anakula wali maharage. Nilikuwa nimezunguka jengo mara mbili. Nikasimama mbele ya meza. "Dokta, mgonjwa hakusema ni safi."

Akanyanyua macho.

"Sikumuuliza. Niliandika tu. Nakaa nyumbani kwake, ni kama bibi yangu mzaa mama. Niliona haya."

Akaweka kijiko chini. Nilijua anaweza kuniandikia ripoti nikahamishwa hata Mpwapwa, na angekuwa na haki. "Kwa hiyo wewe umetunza heshima yako, na yeye anapasuliwa," akasema mwishowe. Akasogeza sahani. "Kesho saa tisa alasiri, wa mwisho kabisa, kisha naondoka. Chana hiyo barua. Na safari hii hutamwagiza mtu. Kaa naye wewe, muulize wewe, uone kwa macho yako. Ukimleta tena na mboga tumboni, utamweleza mwenyewe kwa nini anakwenda kukatwa."

Nikarudi wodini. Bibi alikuwa ameamka, amekaa kitandani amejifunga khanga yake vizuri, miguu inaning'inia. Nikaanza, "Bibi, nina jambo..."

"Nilisikia," akasema. "Dawa yenu inalaza mwili tu. Umenisingizia, Hadija."

Jina langu. Kofi lingeniuma kidogo kuliko hilo. Nikapiga magoti pale sakafuni, mbele ya wagonjwa, nikamwomba radhi. Hakusema nimekusamehe. Akakaza fundo la khanga. "Na mimi mlenda niliunywa. Bakuli mbili. Mama Stela alisema umesema nisile kitu kigumu. Tukashauriana, tukaona mlenda unateleza, utasukuma vyote mbele." Akanitazama. "Haukusukuma?"

"Haukusukuma, Bibi. Umeganda huko mpaka kwenye kona."

Akaanza kutikisika mabega. Nilidhani analia. Alikuwa anacheka, na machozi yalikuwepo pia.

Tulirudi Mkonze alasiri ileile. Njiani nilinunua beseni jeupe la plastiki, jeupe kabisa, ili rangi isidanganye. Mama Stela nikamnyang'anya ufunguo wa stoo na kumwambia asipike kitu chochote chenye harufu mpaka kesho. Akanuna, akaenda kuketi kwa Mzee Salumu. Nikakoroga dawa, nikakaa kwenye kigoda nje ya choo cha uani, mgongo mlangoni. Bibi alikuwa anakunywa bilauri, anakunja uso, anazunguka mizabibu mara tatu, anakimbia. Ndiyo, anakimbia, mwanamke wa miaka sitini na kitu, khanga mkononi. Mara ya kwanza nilisubiri amalize, nikagonga mlango. "Bibi. Rangi gani?"

Akajifanya anakohoa.

"Bibi, rangi gani?"

"Una adabu mbaya wewe!"

"Ninayo, Bibi. Rangi gani?"

"Ya mlenda!" akafoka kutoka ndani. "Umeridhika?"

Mara ya nne ilikuwa ya matope. Mara ya saba akasema chai ya maziwa. Tulipumzika, alfajiri tukaanza tena na lita zilizobaki, na sasa alikuwa ameshazoea, anatangaza mwenyewe kabla sijauliza, kama kondakta anayetaja vituo. "Chai ya rangi!" Nikaingia nikatazama beseni. Kweli, chai ya rangi. "Bado, Bibi." Akanitukana kwa Kigogo, tusi ambalo Mama Stela alikataa kunitafsiria. Jua lilikuwa limeshapanda aliposema, kwa sauti nyingine kabisa, ya mkulima anayekagua zao, "Njoo uone. Hii ni divai nyeupe." Nikaingia. Nilitazama mpaka chini ya beseni, naona alama ya kiwanda ilivyochorwa kwenye plastiki. Mimi divai sijawahi kuionja, lakini yeye zabibu zake zilikuwa zinakwenda kiwandani, nikamwamini. Nikaandika kwenye fomu nilichokiona.

Saa tisa Ijumaa, skrini ilikuwa ya waridi tupu, ukuta safi, mishipa midogo inaonekana, na kinyama kimelala pale peupe na mipaka yake yote. Dokta Taratibu hakunisifu. Alisema tu, "Sindano," nami nikapitisha ile sindano ndefu, nikaanza kusukuma maji yenye rangi ya bluu. Pembeni pakavimba. Katikati pakabaki shimo. "Sukuma," akasema. Nikasukuma. Pembeni pakapanda zaidi, katikati pamekaa palepale. Nikaikumbuka sufuria. Nikakumbuka saa ya Baba Elia mkononi mwa mkewe.

"Taratibu," akasema. "Acha. Tumepita chini sana." Akairudisha sindano nyuma kidogo, unywele tu, akaielekeza upya. "Sasa. Kidogo... kidogo..." Na kikanyanyuka. Kilinyanyuka chote pamoja, polepole, juu ya mto wa bluu, kama andazi linavyogeuka lenyewe kwenye mafuta. Nikasema "Alhamdulillahi" kwa sauti, na daktari, ambaye alikuwa mtu wa misa ya kwanza, akasema "Amina."

Baada ya hapo ilikuwa kazi. Yeye anaelekeza kitanzi, mimi nashika mpini: fungua, taratibu, bana, bana, basi, umeme, kipande. Kilikuwa kipana mno kukatwa kwa mara moja, tukakitoa vipande saba. Kila nilipobana nilikuwa nasikia kwenye kidole gumba nyama ikikubali. Mahali pamoja damu ikachuruzika, akapabana kwa klipu ndogo mbili. Bibi alikoroma kidogo. Ilipokwisha palibaki kidonda cha bluu, safi, na Dokta Taratibu akavua glovu, akatazama saa, akakimbilia gari lake. Majibu ya maabara yalichukua wiki tatu: kinyama kilikuwa kimeanza kugeuka kuwa kibaya, lakini hakikuwa kimevuka mpaka wa saratani. Nilimsomea barazani. Aliniuliza mara mbili kama nimemaliza kusoma. Kisha akaingia ndani, akatoa debe la mlenda, akapika, akanipakulia kwanza. Hakuniambia kamwe kwamba amenisamehe. Alisema, "Kula, Nesi."

Bingwa alipokuja mara iliyofuata tulimwangalia tena, palikuwa na kovu tu. Miaka ikapita, mimi nikahamia kufundisha chuo cha uuguzi, nikaolewa, nikaondoka Mkonze. Yeye alipogoa mizabibu mpaka macho yalipomwacha, akafa usingizini, amevaa nguo zake. Kila nilipokwenda kumsalimia alinisumbua: "Na wewe lini utawekewa huo mpira? Au ni wa kuwaingizia wenzio tu?" Nilikuwa nacheka, nabadilisha mazungumzo. Nimeshavuka arobaini na tano, na wanafunzi wangu wote nimewaambia umri huo ni wa kupimwa.

Wiki mbili baada ya kumzika nikaenda. Nilichagua hospitali nyingine, nisionekane na wenzangu, na nikajitayarisha nyumbani kwa dawa ileile, ambayo naomba radhi kwa wote niliowahi kuwaambia haina ladha mbaya. Glasi mbili za mwisho zilinishinda. Nikazimwaga kwenye sinki, mimi, mwalimu. Asubuhi akaja kunipokea binti mmoja mwenye fomu mkononi, niliyemfundisha mwenyewe. "Mwalimu, shikamoo!" Akapiga goti kidogo. Aliniuliza presha, dawa ninazotumia, nimekula lini. Alipofika kwenye mstari ule, akatazama dirishani.

"Mwalimu," akasema, "tumbo... limekaaje?"

Nilikuwa nimeshaandaa jibu. Limetulia, ningesema, na asingeuliza zaidi, kwa heshima. Kalamu yake ilikuwa imeshagusa karatasi, na nikaona herufi ya kwanza, S, inaanza kujikunja. Nikamshika mkono.

"Hujaniuliza," nikamwambia.

Akanitazama kwa hofu. Alikuwa karibu kulia, maskini. "Mwalimu... rangi gani?"

"Chai," nikasema. "Haijafika divai. Nipe dawa nyingine, na kama kuna beseni jeupe, lete."